Fordsburg: mtaa wa dhahabu usioonekana mgodi

Swali: Mimi ni mzaliwa wa Tukuyu, nafanya biashara ya nguo Johannesburg na nimepanga Fordsburg. Marehemu babu yangu alikwenda Wenela (ajira ya migodi ya Afrika Kusini) miaka ya 1950 akachimba dhahabu hukuhuku. Wenyeji wananiambia mtaa huu ulianza kwa dhahabu, lakini mimi kila siku naona misikiti, majiko ya mishikaki, maduka ya viungo na majora ya vitambaa. Huo mgodi uko wapi? Ilikuwaje mtaa wa wachimbaji ukawa wa Wahindi na Waislamu? Na babu, je, aliwahi kuishi hapa?

Jibu:

Ndugu yangu, mgodi upo, ila haukuwa chini ya nyumba uliyopanga. Siku ukipata nafasi, shuka kusini kuelekea barabara ya Main Reef na ile barabara kuu ya M2. Utakutana na ukanda wa ajabu kwa jiji kubwa namna hii: maghala, karakana, nyasi tupu, na hapa na pale mabaki ya vilima vya mchanga wa manjano. Huo ndio mgodi wenyewe. Vile vilima ni marudio, mchanga uliobaki baada ya mawe kupondwa na dhahabu kutolewa, na vingi vimeshazolewa na kuchenjuliwa upya tangu miaka ya 1970. Uwazi ule nao una sababu yake. Ardhi iliyochimbwa karibu na uso haiwezi kubeba jengo zito, kwa hiyo serikali iliweka masharti ya urefu wa majengo kulingana na kina cha mashimo yaliyo chini. Ndiyo maana maghorofa ya Johannesburg yamekusanyika upande mmoja.

Mwamba wa dhahabu wa Witwatersrand, ukanda wa vilima ambao Johannesburg imesimama juu yake, umelala kama bati la paa lililofukiwa: ukingo wake wa juu unachungulia kwenye mstari unaokwenda mashariki hadi magharibi, kisha unateremka kuelekea kusini, chini na chini zaidi. Fordsburg iko kaskazini ya ukingo huo, mwendo mfupi tu wa miguu. Kwa hiyo wachimbaji walianzia mlangoni kwa Fordsburg, halafu kila mwaka wakawa wanaufuata mwamba kusini. Crown Mines, mgodi mkubwa uliozaliwa mwaka 1909 kwa kuunganisha migodi kadhaa ya eneo hilo, ulikuja kuchimba hadi karibu kilomita 3 chini ya ardhi. Dhahabu ikawa inazidi kwenda mbali, mtaa ukabaki palepale.

Sasa turudi mwanzo. Mwaka 1886 mtafutaji mmoja, George Harrison, aliyekuwa amewahi kuchimba Australia, alikuta mwamba ukichomoza katika shamba la Langlaagte, magharibi ya jiji la leo. Kitalu chake alikiuza kwa pauni 10, akaondoka. Septemba ya mwaka huohuo serikali ya Kiburu ya Transvaal, chini ya Paul Kruger, ikatangaza eneo zima kuwa machimbo ya umma. Watu walikuwa wameshaanza kupiga mahema na kuegesha magari ya ng'ombe kwenye kambi ya Ignatius Ferreira, na kambi hiyo ndiyo leo mtaa wa Ferreirasdorp, jirani yenu upande wa mashariki. Mji rasmi ulipimwa kwenye Randjeslaagte, kipande cha pembetatu kilichobaki katikati ya mashamba ya watu bila mwenyewe. Viwanja vya kwanza vilipigwa mnada tarehe 8 Desemba 1886. Vilikuwa vidogo, na mitaa ilikatwa mifupi ili viwanja vya kona viwe vingi, kwa sababu kiwanja cha kona huuzwa ghali. Hata leo, ukitembea katikati ya Johannesburg unafika njia panda kabla hujamaliza sentensi. Hakuna aliyedhani mji ungedumu.

Fordsburg ilipimwa mwaka 1888, na wenye mradi hawakuwa serikali. Ilikuwa kampuni binafsi ya mwanasheria Lewis Ford na akina Jeppe, walewale waliotoa jina la Jeppestown upande wa mashariki. Mahesabu yao yalikuwa mepesi: migodi iko hapa, wafanyakazi watahitaji pa kulala, tuwauzie viwanja. Ardhi yenyewe haikuwa ya kuvutia. Ni bonde, maji yalituama, na jirani yake palikuwa na udongo wa mfinyanzi ambao Makaburu maskini waliutumia kufyatua matofali. Upande wa kusini vinu vya kuponda mawe vilitwanga usiku na mchana. Wenye migodi walihamia Parktown, kaskazini nyuma ya vilima, ambako makelele na vumbi havikuwafikia. Waliobaki bondeni ni wale ambao mji uliwahitaji lakini haukutaka kuwaona. Majina na rangi zao zilibadilika mara nyingi, lakini mimi nikiitazama historia ya Fordsburg tangu siku hiyo naona mkondo huo mmoja tu.

Hapa niongeze jambo la ufundi, kwa sababu bila hilo huwezi kuelewa kwa nini Fordsburg ilikuwa mtaa wa vibarua badala ya wachimbaji wenye vitalu vyao. Dhahabu ya juu ilikuwa rahisi: ponda, changanya na zebaki, choma. Mwaka 1889 hivi, mashimo yalipoanza kuingia chini, wakakuta mawe yamebadilika, yamejaa madini ya salfa, na zebaki ikashindwa kukamata dhahabu. Watu walikimbia, hisa zikaporomoka. Kilichouokoa mji ni sianidi: njia iliyovumbuliwa Scotland mwaka 1887 ikaanza kutumika Rand (kifupi cha Witwatersrand) mwaka 1890. Wachenjuaji wa Geita, na hata majirani zenu wa Chunya, wanaijua hadithi hii bila kusimuliwa. Lakini sianidi, mashine za mvuke na mashimo ya mamia ya mita vinahitaji mtaji. Mwamba wa Rand ni mkubwa mno lakini dhahabu yake ni hafifu, gramu chache tu kwa kila tani ya mawe, na bei ya dhahabu ilikuwa imefungwa kimataifa. Kampuni haiwezi kupandisha bei, na haiwezi kupunguza kina. Kilichobaki cha kubana ni mshahara wa mtu. Karibu kila balaa nitakayokutajia hapa chini ilitoka kwenye hesabu hiyo.

Balaa ya kwanza ilikuwa baruti. Migodi ilikuwa inakula baruti kwa tani, nayo ililetwa kwa treni. Februari 1896 mabehewa yenye takriban tani 55 za baruti yaliachwa kwenye reli ya Braamfontein, juani, kwa siku kadhaa. Tarehe 19 kichwa cha treni kikayagonga wakati wa kupanga mabehewa. Shimo lililobaki lilikuwa na urefu wa mita 60 hivi. Zaidi ya watu 70 walikufa, na maelfu wakabaki bila makao, wengi wao maskini wa Fordsburg, Vrededorp na vibanda vya jirani. Wakubwa wa Parktown walichanga fedha nyingi haraka, na tuwape haki yao kwa hilo.

Ya pili ilikuwa tauni, na hapo ndipo Wahindi wanapoingia kwenye jibu lako. Walikuwepo tangu mapema, wengi wakiwa wafanyabiashara na wachuuzi waliotoka Natal au moja kwa moja Gujarat. Sheria namba 3 ya 1885 ya Transvaal ilikuwa imewanyima uraia na haki ya kumiliki ardhi, isipokuwa kwenye maeneo watakayotengewa. Baadaye sheria ya dhahabu yenyewe, ya mwaka 1908, ikakaza kamba: ardhi iliyotangazwa kuwa ya machimbo haikuruhusiwa kukaliwa na watu wasio Wazungu. Fikiria maana yake katika mji ambao karibu wote umesimama juu ya machimbo. Eneo walilotengewa Wahindi lilikuwa kandokando ya Fordsburg, pale penye matofali. Manispaa ilikusanya kodi lakini haikuleta taa, barabara wala usafi. Machi 1904 tauni ikazuka. Wagonjwa wa kwanza walikuwa wanaume waliokuwa wakifanya kazi kwenye mgodi mmoja wa jirani, wakarudi nayo mtaani. Mwenzake wakili kijana aliyeitwa Mohandas Gandhi, Madanjit Vyavaharik, alivunja kufuli ya nyumba tupu akaigeuza hospitali, na Gandhi akawauguza wagonjwa pamoja na daktari William Godfrey na wenzao wachache. Manispaa iliwahamisha wakazi wote, Wahindi na Waafrika, hadi Klipspruit, kilomita 20 hivi kusini-magharibi, kisha wazima moto wakaliteketeza eneo lote. Juu ya majivu wakajenga Newtown. Klipspruit ile ndiyo mbegu ya Soweto.

Lakini biashara haihamishiki kwa moto. Wahindi wakarudi pembezoni, Fordsburg na kwenye eneo la Wamalei lililokuja kuitwa Pageview. Wakawa wanaandikisha mali kwa jina la Mzungu wanayemwamini, au kwa jina la kampuni, mpaka sheria ya mwaka 1919 ikaziba mwanya huo wa kampuni. Tarehe 16 Agosti 1908, nje ya msikiti wa Hamidia, hatua chache kutoka kwako, zaidi ya vyeti 2,000 vya uandikishaji wa Waasia vilitiwa kwenye sufuria kubwa ya miguu mitatu vikachomwa kupinga sheria ya uandikishaji huo. Wachina wa Johannesburg walikuwemo pia, wakiongozwa na Leung Quinn. Nenda ukaone, pana mnara wa kumbukumbu wenye umbo la sufuria hiyo. Waislamu wa Fordsburg, kwa hiyo, hawakuja baada ya dhahabu kuisha. Wana umri sawa na mtaa wenyewe.

Wakati huohuo Fordsburg iliendelea kuwa mtaa wa wachimbaji Wazungu. Kwanza walikuwa Waingereza, hasa kutoka Cornwall, mabingwa wa kuchimba mawe magumu. Kisha wakaongezeka Makaburu waliofukuzwa mashambani na umaskini. Hawa ndio walioipa Fordsburg siku yake ya kutisha kuliko zote.

Baada ya Vita vya Kwanza vya Dunia bei ya dhahabu, iliyokuwa imefunguliwa kwa muda ikapanda, ilishuka, na wenye migodi wakarudi kwenye hesabu yao. Walitaka baadhi ya kazi za Wazungu zifanywe na Waafrika, ambao walilipwa sehemu ndogo tu ya mshahara wa Mzungu. Januari 1922 wachimbaji Wazungu wakagoma. Kufikia Machi mgomo ukawa uasi wa silaha, na jengo la soko la Fordsburg ndilo likawa makao makuu. Walichimba mahandaki uwanjani. Bango lao maarufu liliwataka wafanyakazi wa dunia waungane wapiganie Afrika Kusini ya Wazungu, na nakuachia wewe kulitafakari. Katika siku hizohizo makundi ya Wazungu yaliwashambulia na kuwaua Waafrika waliokuwa wakipita njia zao. Waziri mkuu Jan Smuts alitangaza sheria ya kijeshi tarehe 10 Machi. Asubuhi ya tarehe 14 ndege iliangusha vikaratasi ikiwataka raia wa Fordsburg waondoke kabla ya saa tano, na saa ilipofika mizinga ikaanza kupiga. Mtaa ukaanguka siku hiyohiyo. Viongozi wawili, Percy Fisher na Harry Spendiff, walikutwa wamekufa ndani ya jengo. Katika uasi mzima walikufa zaidi ya watu 150, na baadaye wanaume wanne wakanyongwa.

Walishindwa vitani, wakashinda kwenye sanduku la kura. Mwaka 1924 Smuts aliangushwa, na mwaka 1926 sheria ikawahifadhia Wazungu kazi za ufundi migodini. Kadiri mishahara yao ilivyokuwa salama, ndivyo walivyohama bonde kwenda mitaa mizuri zaidi. Nyumba walizoziacha zilishikwa na Wahindi, Machotara, Wachina na wengine ambao sheria haikuwaachia pengi pa kwenda. Ukitaka jibu fupi la swali lako la pili, ni hilo.

Kuhusu miaka iliyofuata nitapita haraka. Uwanja uliojulikana kama Red Square, hapohapo Fordsburg, ulikuwa jukwaa la mikutano ya siasa, na tarehe 6 Aprili 1952 James Moroka wa ANC na Yusuf Dadoo wa Baraza la Wahindi walihutubia pale kuandaa kampeni ya kukaidi sheria dhalimu. Serikali ya ubaguzi ikajibu kwa ramani. Sheria ya mwaka 1950 ya kugawa maeneo kwa rangi iliwapangia Wahindi Lenasia, mbali kusini, zaidi ya kilomita 30. Mwaka 1956 Pageview ikatangazwa kuwa ya Wazungu. Maduka ya mtaa wake wa 14, ambako Johannesburg nzima ilikwenda kununua vitambaa, yalivunjwa, na wenye maduka wakasukumwa miaka ya 1970 kuingia kwenye jengo jipya la serikali huko Fordsburg. Jengo hilo ndilo Oriental Plaza, na wengi walilisusia mpaka polisi wakaja kuwatoa. Kwa hiyo jora unalonunua leo kwa jumla Plaza lina historia ya bomoabomoa nyuma yake. Baada ya 1994 wakaja Wapakistani, Wabangladeshi, Wamisri, Waethiopia. Na pale Mayfair, ng'ambo kidogo tu, Wasomali, wakiwemo waliokulia Eastleigh, Nairobi, ambao bila shaka umeshaongea nao Kiswahili.

Sasa babu yako. Sidhani aliwahi kuishi Fordsburg, na sababu ni sheria. Mchimbaji Mwafrika hakuruhusiwa kupanga mtaani. Alifungiwa kwenye kambi ya mgodi, kwa mkataba, kama manamba wa mkonge walivyofungiwa Tanga, ila kwa ukali zaidi. Chombo kilichomchukua, Wenela, yaani chama cha wenye migodi cha kuajiri vibarua, kilianzishwa mwaka 1900 ili migodi isigombanie vibarua na kupandishiana mishahara. Unaona hesabu ileile. Watu wa kwetu walichelewa kufika kwa sababu mwaka 1913 serikali ilipiga marufuku kuajiri watu kutoka nchi za joto zilizo kaskazini ya nyuzi 22 kusini, kwa kuwa walikuwa wanakufa mno kwa nimonia. Marufuku hiyo iliondolewa miaka ya 1930 baada ya kazi kubwa ya utafiti wa chanjo. Hapo ndipo njia ya Nyasaland na nyanda zetu za kusini ilipofunguka tena. Baada ya uhuru Tanganyika iliacha kupeleka vijana wake.

Ila kupita Fordsburg, au angalau jirani yake, inawezekana kabisa. Kituo cha mapokezi cha Wenela kilikuwa kusini mwa jiji, mbali kidogo tu na mtaa wenu. Hapo walivuliwa nguo, wakapimwa afya, wakapewa namba na kugawiwa migodi. Na Jumapili aliyepata ruhusa ya kutoka alikwenda kununua blanketi, baiskeli au koti la kurudi nalo nyumbani. Maduka yaliyomkaribisha mteja Mwafrika kwa heshima kidogo yalikuwa mara nyingi ya Wahindi, maeneo ya Fordsburg na Pageview. Kama nyumbani Tukuyu kuna koti au sanduku la bati alilorudi nalo, waulize wazee lilinunuliwa wapi.

Mambo mawili ya kufanya. Kwanza, nenda makao makuu ya benki ya Standard, mtaa wa Simmonds. Walipokuwa wanachimba msingi mwaka 1986 walikutana na shimo la zamani la mgodi wa Ferreira, wakalihifadhi chini ya jengo. Alama za sururu zinaonekana ukutani. Ni mahali pa karibu kuliko pote pa kuona mwamba wenyewe bila kwenda kwenye bustani ya burudani ya Gold Reef City, ambayo imejengwa kwenye shimo namba 14 la Crown Mines na ambayo, kwa maoni yangu, ina pipi nyingi kuliko historia. Usishawishike kabisa kuingia kwenye mashimo ya Langlaagte na vijana wa zama zama, yaani wachimbaji haramu. Watu wanafia humo.

Pili, kumbukumbu za Wenela. Mwaka 1977 chama hicho kiliunganishwa na mwenzake kikawa TEBA, na nyaraka zake za zamani zimehifadhiwa Chuo Kikuu cha Johannesburg, karibu sana na unapoishi. Kabla hujaenda, piga simu nyumbani uulizie karatasi yoyote ya babu yenye namba ya mkataba, jina la mgodi, na jina aliloandikishwa, kwa maana makarani waliandika majina walivyoyasikia na wengine walijiandikisha kwa jina la ukoo tu. Na mtu akikufuata akidai atakupatia fidia ya babu ya ugonjwa wa vumbi la mgodini kwa ada kidogo, usimpe kitu. Makubaliano ya fidia ya silikosisi yaliyoidhinishwa na mahakama mwaka 2019 yanahusu waliofanya kazi kuanzia tarehe 12 Machi 1965. Kama babu alikwisha rudi Tukuyu kabla ya hapo, hayamhusu.